Elizabeth Bagaaya wa Toro: Mwigizaji, wakili na waziri aliyepigania jina lake

Elizabeth Christobel Edith Bagaaya, ambaye kwa desturi ya Watoro huitwa kwa empaako yake Akiiki, alizaliwa mwaka 1936 katika jamaa ya kifalme ya Toro, magharibi mwa Uganda. Ni mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki kukubaliwa kuwa wakili wa mahakama za Uingereza, mwanamke wa kwanza kuwa Waziri wa Mambo ya Nje wa Uganda, na ni miongoni mwa wanawake wa mwanzo wa eneo hili kupewa nafasi kubwa katika filamu za kimataifa. Duniani alijulikana zaidi kwa jina fupi la Elizabeth wa Toro.

Filamu zilizompa umaarufu wa uigizaji ni mbili tu. Ya kwanza ilipigwa Nigeria mwaka 1970 na ikaonwa na watu wachache mno. Ya pili ilipigwa Kenya, ikaonyeshwa mwaka 1984, ikachekwa na wahakiki. Kati ya filamu hizo mbili ipo miaka ambayo serikali ya nchi yake ilimtungia hadithi ya tatu, ya aibu na ya uongo, ikaitangaza kwa redio. Wasikilizaji wa Arua, Koboko na Adumi wana sababu ya pekee ya kuifahamu hadithi hiyo, kwa kuwa karibu kila aliyekuwa na neno la mwisho ndani yake alitoka West Nile, na baadhi ya waliokufa katika mkondo wake walitoka huko huko.

Binti wa ikulu ya Fort Portal

Baba yake alikuwa Omukama George Rukidi wa Tatu, aliyeitawala Toro tangu mwishoni mwa miaka ya 1920 hadi kifo chake mwaka 1965. Mama yake alikuwa Kezia Byanjeru Abwooli. Elizabeth alisoma katika shule ya wasichana ya Kyebambe mjini Fort Portal, kisha akapelekwa Gayaza, karibu na Kampala, shule ambayo kwa vizazi kadhaa imewalea mabinti wa watu wenye vyeo nchini Uganda. Kutoka Gayaza alivuka bahari hadi shule ya wasichana ya Sherborne, kusini mwa Uingereza, ambako alijikuta msichana mweusi peke yake. Katika kumbukumbu zake ameeleza namna alivyojihisi yumo katika mtihani usiokwisha: akishindwa, asingeshindwa yeye tu, bali watu wote wa rangi yake.

Hakushindwa. Aliingia Chuo cha Girton katika Chuo Kikuu cha Cambridge, wakati ambapo wanawake wa Kiafrika waliotangulia kupita humo waliweza kuhesabiwa kwa vidole vya mkono mmoja, na akahitimu shahada ya sheria mwaka 1962, mwaka ule ule Uganda ilipojipatia uhuru. Miaka mitatu baadaye alikubaliwa kuwa wakili wa Uingereza.

Mwaka 1965 ulipokuwa ukimalizika, baba yake alifariki dunia, naye akarejea nyumbani. Kaka yake, Patrick Kaboyo, alisimikwa kuwa Omukama mwanzoni mwa mwaka 1966, na Elizabeth akawa Batebe. Cheo hicho si cha mapambo. Katika desturi ya Toro, Batebe ni dada rasmi wa mfalme, mwenye kiti chake na sauti yake katika mambo ya ufalme. Wakati huo huo alianza kazi katika ofisi ya mawakili jijini Kampala, akawa mwanamke wa kwanza kufanya uwakili nchini Uganda.

Kiti hicho hakikudumu. Mnamo Mei 1966 jeshi lilishambulia kasri ya Kabaka huko Mengo, na katiba ya mwaka 1967 chini ya Milton Obote ikafuta falme zote za Uganda. Kwa kalamu moja Toro ilikoma kuwa ufalme, na binti mfalme akabaki raia ambaye serikali ilimtazama kwa jicho la shaka.

Kutoka jukwaa la mitindo hadi kamera

Mlango uliofunguka ulikuwa London. Mwaka 1967 Princess Margaret, mdogo wake Malkia Elizabeth wa Pili, alimwalika ashiriki katika onyesho la mavazi la nchi za Jumuiya ya Madola. Alipanda jukwaani akiwa wakili, akashuka akiwa mwanamitindo. Katika muda mfupi picha zake zilichapishwa na Vogue, na baadaye alihamia New York, ambako mwaka 1969 sura yake ilipamba jalada la jarida la Harper's Bazaar.

Ni vyema kukumbuka hali ilivyokuwa wakati huo. Majarida makubwa ya mitindo ya Marekani na Ulaya yalikuwa yameanza tu, kwa kusitasita, kuwaweka wanawake weusi kwenye kurasa zao. Elizabeth alikuwa na kitu ambacho wahariri walikitamani mno: sura, urefu, elimu, na taji la kweli. Taji hilo ndilo lililouzwa zaidi. Wasomaji wa New York hawakuambiwa kwamba ufalme wake ulikuwa umekwisha futwa na kwamba mwanamke huyo mwenye shanga na nywele zilizosukwa alikuwa, kwa hesabu ya siasa, mkimbizi wa daraja la juu.

Kutoka kwenye picha za mnato hadi kwenye filamu palikuwa na hatua moja tu. Wapo watakaouliza kwa nini hakuianza safari ya uigizaji nyumbani. Uganda ya miaka ya 1960 ilikuwa na maigizo, tena yenye uhai. Jumba la Taifa la Maigizo lilifunguliwa Kampala mwaka 1959, na kuanzia katikati ya miaka ya 1960 kikundi cha maigizo cha Chuo Kikuu cha Makerere kilizunguka mikoani kikiigiza kwa lugha kadhaa, Kiswahili kikiwemo. Humo alichomoza Rose Mbowa, aliyekuja kuwa mwigizaji mashuhuri zaidi wa jukwaa la Uganda na mwalimu wa wengi. Lakini nchi haikuwa na tasnia ya filamu. Aliyetaka kamera ya sinema alilazimika kuifuata ilipo, na mwaka 1970 ilikuwa Nigeria.

Clara, mwanamke asiyeoleka

Filamu hiyo ilikuwa na majina mawili. Wengine waliijua kwa jina la riwaya ya kwanza ya Chinua Achebe, ambayo wasomaji wa Kiswahili waliipata baadaye kwa jina la Shujaa Okonkwo, na wengine kwa jina la Bullfrog in the Sun. Iliongozwa na Mjerumani, Hansjürgen Pohland, na kutayarishwa kwa ushirikiano na Mnigeria Francis Oladele, ambaye kampuni yake ilikuwa pia nyuma ya filamu ya tamthilia ya Wole Soyinka, Kongi's Harvest. Mswada wake ulichanganya riwaya mbili za Achebe: ile ya Okonkwo, na ile inayomfuata mjukuu wake, Obi, kijana msomi anayerejea Lagos kutoka Uingereza.

Mwigizaji mkuu wa kiume alikuwa Johnny Sekka, aliyezaliwa Dakar na kujijengea jina katika filamu za Uingereza. Elizabeth alipewa nafasi ya Clara.

Anayeifahamu riwaya atatambua mara moja uzito wa nafasi hiyo. Clara ni muuguzi aliyesomea Uingereza, mzuri, mwenye msimamo, na anapendwa na Obi kwa dhati. Lakini ni osu: ametoka katika ukoo ambao zamani uliwekwa wakfu kwa miungu, na ambao Waigbo walio huru hawakuruhusiwa kuoana nao. Elimu yake yote, na adabu yake yote, havitoshi kuifuta damu hiyo machoni pa wazee. Obi anayumba. Clara ndiye anayelipa.

Kumpa binti wa mfalme nafasi ya mwanamke anayedharauliwa kwa sababu ya ukoo wake ni uamuzi unaoweza kusomwa kwa namna mbili. Huenda watayarishaji walihitaji tu sura iliyokwisha kuuzwa na majarida. Hata hivyo, mwigizaji waliyempata alijua jambo ambalo halifundishwi katika chuo cha maigizo: namna damu inavyoweza kumpandisha mtu asubuhi na kumshusha jioni, bila yeye mwenyewe kutenda lolote.

Filamu ilipigwa katika nchi iliyokuwa imetoka vitani. Vita vya Biafra vilimalizika Januari 1970, na watengenezaji waliiingiza vita hiyo ndani ya hadithi, ingawa Achebe aliziandika riwaya zote mbili kabla haijatokea. Hapo ndipo penye chanzo cha masaibu ya filamu. Serikali ya kijeshi ya Nigeria haikuwa na hamu ya kuuona mgawanyiko wa jana ukioneshwa ukutani, na mwandishi mwenyewe hakupendezwa na kazi iliyotoka. Haikupata usambazaji wa maana. Kwa miongo kadhaa ilikuwa kama haipo, na kilichobaki machoni pa wengi ni picha za mnato zilizopigwa wakati wa utengenezaji na kijana wa Kiingereza, Stephen Goldblatt, ambaye baadaye alikuwa mpigapicha mkubwa wa filamu za Hollywood.

Kwa hiyo nafasi bora zaidi aliyowahi kupewa Elizabeth katika uigizaji ndiyo ambayo watu wake wa nyumbani hawakuiona. Hakuna redio iliyoitangaza Fort Portal, wala jumba la sinema la Arua lililobandika tangazo lake.

Mwaka 1974

Tarehe 25 Januari 1971 Jenerali Idi Amin alimpindua Obote. Kwa jamaa za kifalme za Uganda habari hiyo ilileta tumaini, maana Obote ndiye aliyezifuta falme. Elizabeth aliacha kazi ya mitindo na uigizaji, akarudi nyumbani, na Amin akamteua kuwa balozi asiye na kituo maalumu, wa kutumwa popote serikali itakapo. Wakati huo alikuwa na umri wa miaka thelathini na mitano.

Amin alikuwa Mkakwa, na Koboko ndiyo asili ya ukoo wake. Utawala wake uliwainua watu wengi wa West Nile, na uliiinua pia lugha waliyokuwa wakiizungumza kambini, sokoni na mipakani: mnamo Agosti 1973 alitoa amri iliyofanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa. Wapo wasikilizaji wa Adumi na Koboko ambao hadi leo husikia majirani wa kusini wakikiita Kiswahili lugha ya askari, na sehemu ya chuki hiyo ilizaliwa katika miaka hiyo. Lakini wanaodhani kwamba West Nile nzima ilikula matunda ya utawala ule hawajausoma mwaka 1974.

Waziri wa Mambo ya Nje mwanzoni mwa mwaka huo alikuwa Luteni Kanali Michael Ondoga, Mlugbara. Mnamo Februari Amin alimwondoa na kumweka Elizabeth Bagaaya mahali pake. Mwezi uliofuata Ondoga alitekwa jijini Kampala, na mwili wake ukaopolewa kutoka Mto Nile. Mauaji hayo yaliwatia hofu na hasira maofisa wa Kilugbara jeshini. Kabla Machi haijaisha, Brigedia Charles Arube, Mkakwa kama Amin mwenyewe, alishiriki kuongoza jaribio la kuupindua utawala. Lilizimwa, naye akapoteza maisha. Na Agosti mwaka huo huo Kay Adroa, Mlugbara aliyekuwa mmoja wa wake ambao Amin alikuwa amewapa talaka miezi michache kabla, alikutwa amekufa.

Hicho ndicho kiti alichokalia Elizabeth. Mtangulizi wake alikuwa mtoni, na mwanamke aliyekuwa karibu na rais kuliko yeye alikuwa kaburini. Imeandikwa mara nyingi kwamba Amin alitaka kumwoa na kwamba alikataliwa.

Mnamo Septemba 1974 aliongoza ujumbe wa Uganda kwenye Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa jijini New York, mji ule ule ambao miaka mitano nyuma ulimjua kutoka kwenye jalada la jarida. Alihutubia kama waziri. Wajumbe walimpokea vizuri, na magazeti yakaandika habari zake zaidi ya zile za rais wake. Ukaribu huo wa sifa na hatari haukuhitaji mtabiri.

Novemba, Amin alimfukuza kazi. Hakuishia hapo. Serikali ilitangaza, na Redio Uganda ikasomea taifa zima, kwamba waziri alikuwa amefanya uasherati na Mzungu asiyejulikana chooni katika uwanja wa ndege wa Paris alipokuwa safarini. Gazeti la serikali lilichapisha picha ya mwanamke aliye uchi na kudai kuwa ni yeye. Baadhi ya magazeti ya Ulaya yaliidaka habari hiyo kwa furaha, nayo yakaichapisha.

Mtu anapaswa kuutazama uongo huo kwa makini ili auone ulivyotengenezwa.  Ulichukua kazi zake za zamani, yaani mitindo na filamu, na kuzigeuza kuwa ushahidi. Mwanamke aliyezoea kutazamwa, ndivyo hoja ilivyokwenda, hana heshima ya kulinda. Waigizaji wa kike wa Afrika Mashariki wanaijua hoja hiyo vizuri. Mabinti wengi waliozuiwa na wazazi kujiunga na vikundi vya maigizo waliambiwa maneno ya namna hiyo hiyo, kwa sauti ya upole zaidi.

Nairobi, London na mahakamani

Baada ya kufukuzwa aliwekwa katika kizuizi nyumbani. Mnamo Februari 1975 alitoroka na kuingia Kenya, na kutoka huko akafika Uingereza. Hakuja na mali. Alikuja na shahada ya sheria.

Aliyashtaki magazeti yaliyochapisha kashfa hiyo, na akashinda. Magazeti yalilazimika kumlipa fidia na kumsafisha jina. Hapa ndipo maisha yake mawili yalipokutana: mwigizaji ndiye aliyechafuliwa, lakini wakili ndiye aliyejua mlango wa mahakama uko wapi. Serikali ya Kampala haikuweza kufikishwa mbele ya jaji wa London, wala Redio Uganda haikusoma masahihisho. Wasikilizaji waliosikia tuhuma kwa Kiingereza, Kiswahili na Kiganda hawakusikia hukumu kwa lugha yoyote kati ya hizo. Ndiyo maana hadi leo, kwenye mazungumzo ya barazani nchini Uganda, kisa cha Paris husimuliwa na wazee kama jambo lililotokea, na aghalabu kwa kicheko.

Wasanii waliobaki nyumbani walipatwa na makubwa zaidi. Byron Kawadwa, mwandishi wa tamthilia na mkurugenzi wa Jumba la Taifa la Maigizo, alikamatwa mwaka 1977 na kuuawa. Robert Serumaga, aliyekuwa ameizungusha Uganda duniani kwa maigizo yake, aliingia katika mapambano ya kumwondoa Amin, na alifariki Nairobi mwaka 1980.

Amin alipoanguka mwaka 1979, Elizabeth alirejea Uganda kwa muda. Uchaguzi wa Desemba 1980 ulimrudisha Obote madarakani, na yeye akawa tena nje ya nchi, akiwa na Wilbur Nyabongo, rubani na mwana wa ukoo wa kifalme wa Toro, ambaye waliona. Mwaka 1983 alichapisha London kitabu cha maisha yake, African Princess. Baada ya redio, magazeti na kamera za watu wengine, hilo lilikuwa simulizi lake la kwanza refu kwa kalamu yake mwenyewe.

Mganga wa Zambouli

Filamu ya pili ilimkuta uhamishoni. Kampuni ya Columbia ilikuwa ikitengeneza Sheena, hadithi iliyotoka katika vitabu vya katuni vya Kimarekani vya miaka ya 1930, juu ya msichana wa Kizungu aliyelelewa msituni na kuwa malkia wa wanyama. Mwongozaji alikuwa John Guillermin, na Sheena aliigizwa na Tanya Roberts. Mandhari yote yalipigwa Kenya, ingawa hadithi inasema ni nchi ya kubuni iitwayo Tigora. Elizabeth alikuwa Mganga wa Wazambouli, mwanamke anayemlea yatima huyo na kumfundisha siri za kabila.

Wahakiki hawakuihurumia. Filamu iliteuliwa kuwania tuzo za dhihaka za Razzie katika vipengele vitano, na haikurudisha gharama zake. Kasoro zake ziko wazi kwa mtazamaji yeyote wa Afrika Mashariki: Waafrika wamo ili Mzungu mmoja awe malkia wao, na farasi aliyepakwa milia anapita akiitwa punda milia.

Hata hivyo, ndani ya filamu hiyo dhaifu kuna sehemu inayostahili kutazamwa mara ya pili. Mganga anasafiri hadi mji mkuu kumwonya mfalme kwamba maisha yake yamo hatarini. Watawala wanamkamata. Mfalme anauawa na nduguye, na mganga ndiye anayesingiziwa mauaji hayo, anafungwa na kuteswa. Sheena anamtoa gerezani, lakini majeraha yanamwua.

Waandishi wa mswada walikuwa wakitunga tu mkasa wa msituni. Mwigizaji, kwa upande wake, alikuwa amewekwa chini ya ulinzi na serikali ya kweli kwa tuhuma ya kubuni miaka tisa kabla ya picha hizo kupigwa. Katika matukio hayo hapigi kelele wala hafanyi maringo ya uganga kama alivyoandikiwa pengine. Anakaa wima na kuzungumza polepole, kwa sauti ya mtu aliyewahi kuhojiwa. Wahakiki wa 1984, waliokuwa wakimtazama Tanya Roberts, hawakusema mengi juu ya hilo.

Ikumbukwe kwamba miaka ile ile Nairobi na viunga vyake vilikuwa vimegeuka kuwa kiwanda cha kuigiza Uganda. Mwaka 1981 ilitoka filamu ya Sharad Patel juu ya Amin, iliyopigwa Kenya, ambamo Mkenya Joseph Olita aliigiza nafasi ya jenerali huyo. Filamu ya The Last King of Scotland, iliyotoka mwaka 2006, ndiyo iliyopigwa Uganda yenyewe, na Forest Whitaker akapata tuzo ya Oscar kwa kuigiza mtu wa Koboko.

Balozi tena

Sheena ilikuwa filamu yake ya mwisho kubwa. Jeshi la Yoweri Museveni lilipoingia Kampala mwaka 1986, Elizabeth aliteuliwa kuwa balozi wa Uganda nchini Marekani. Furaha hiyo ilikuwa fupi. Mwisho wa mwaka huo mumewe alikufa katika ajali ya ndege nchini Morocco. Aliendelea na kazi Washington hadi mwaka 1988, na mwaka uliofuata toleo jipya la kumbukumbu zake lilichapishwa Marekani.

Falme zilirudishwa kisheria mwaka 1993, bila mamlaka ya kisiasa, na Kaboyo akakaa tena kwenye kiti cha Toro. Alifariki mwaka 1995, na mwanawe Oyo akasimikwa akiwa na umri wa miaka mitatu, mfalme mdogo kuliko wote duniani kwa wakati huo. Elizabeth, shangazi yake, alikuwa miongoni mwa waliokabidhiwa kumlea katika ufalme mpaka atakapokuwa mtu mzima.

Baadaye serikali ilimtuma tena nje: aliiwakilisha Uganda nchini Ujerumani na Vatikani, kisha akapelekwa Nigeria kuwa Balozi Mkuu. Ujerumani ndiyo nchi ya mwongozaji wa Bullfrog in the Sun, na Nigeria ndiko alikokuwa Clara. Safari hii alifika na hati za utambulisho zilizotiwa saini na rais. Picha za Goldblatt kutoka kwenye filamu hiyo zilikuwa bado kwenye makasha, na Sheena ilikuwa ikipatikana katika maduka ya kanda na santuri za video, jina lake likiwa limeandikwa kwenye orodha ya waigizaji kama Princess Elizabeth of Toro.